Kanga Juu ya Alama Nyekundu

Ansbert, kijana mtengeneza filamu, aliitundika kanga ukutani kwangu bila hata kuniomba. Kanga yangu mwenyewe, kaianua kambani uani.

"Bibi Mwanamkuu, hiyo X nyekundu inaharibu picha," akasema. "Filamu yetu ni ya Wayahudi waliohamishwa. Tusichanganye mambo."

Hiyo X kaipiga mtu aliyeinunua nyumba hii ya mirathi kutoka kwa watoto wa kaka yangu. Jumatatu wanabomoa, wajenge ghorofa la maduka. Mimi na miaka yangu sabini na moja nahamia chumba cha kupanga Buguruni. Nilikubali kuhojiwa kwa sababu moja tu: watu waone ninavyotolewa Kariakoo.

Alikuja na mgeni, dada mmoja anaitwa Shoshana. Babu yake, fundi saa, alikimbia Ujerumani Wayahudi walipokuwa wanawindwa, akapanga chumba cha mbele kwa bibi yangu. Kwenye mwimo wa mlango akapigilia kijaluba cha bati, ndani mna maneno ya dini yao. Vita ilipoanza, Mwingereza akasema huyu naye Mdachi, adui. Askari wakaja kumchukua na wanawe, wakampeleka kambini. Akiondoka alimwambia bibi yangu, "Nitunzie hiki." Basi kila Idi tukipaka rangi mlango, kijaluba tunakizunguka. Rangi imenenepa pembeni, chenyewe kimebaki kama kimelala shimoni.

"Sasa bibi," Ansbert akasema, kamera inawaka, "king'oe, mkabidhi, halafu ulie."

"Nilie?"

"Kidogo tu. Iguse moyo."

Nikamwambia, "Kitendawili!"

"Tega," akacheka.

"Wawili wamefukuzwa mlango mmoja. Mmoja analiliwa, mwenzake anafunikwa kanga."

Kicheko kikakatika. Jibu analijua, hataki kulitamka. "Nimeshindwa, bibi."

"Aliyeshindwa hutoa mji. Nipe mji."

"Haya, nakupa Kariakoo."

"Kariakoo! Ya baba yako? Ingekuwa yako ya kunipa, ningefungasha masufuria mimi? Ondoa kanga yangu, mshenzi wee!"

Shoshana akamvuta shati, anataka kutafsiriwa. Ansbert akamtafsiria maneno mawili matatu, haraka haraka. Dada wa watu hakuridhika, akanigeukia mimi. Nikamwonyesha kwa mikono: nyumba, chini, mimi, nje.

Akaenda ukutani mwenyewe, akaishusha kanga, akaikunja, akaniletea kwa mikono miwili. Halafu akamsogeza Ansbert pembeni kwa bega, akaigeuza kamera iuone mlango na ile X pamoja.

Nikaking'oa kijaluba kwa kisu cha jikoni. Amana ni amana, nikampa. Chozi sikutoa hata moja.

"Na wewe Ansbert," nikasema, "sasa niulize nahamia wapi. Uliza kwa sauti."