Msiba wa Akademik

Naomba ieleweke tangu mwanzo: mimi sikukusudia kumdanganya Mkuu wa Chuo. Nilitaka kumwaibisha tu, na hayo ni mambo mawili tofauti.

Uwanja wa mpira wa chuo kikuu unaitwa Akademik, na unatazamana na dirisha langu la jikoni. Jumamosi alasiri timu ya wanafunzi hucheza pale na kufungwa. Siku nyingine zote uwanja ulikuwa wetu sisi watu wa mtaani. Tulianika mazulia kwenye vyuma vya jukwaa, wajukuu walijifunza baiskeli nyuma ya goli, na wachumba walikaa safu ya juu wakijifanya wanatazama mazoezi. Mji wetu umejengwa mlimani. Hata kununua mkate lazima upande ngazi. Sehemu tambarare ni moja tu, ile njia ya kukimbilia inayouzunguka uwanja.

Ndiyo maana mume wangu Ginyo alipopatwa na kiharusi, na daktari akamwambia atembee kila siku la sivyo mguu utasinyaa, hatukuhangaika kutafuta pa kutembelea. Kila asubuhi nilimvusha barabara tukaingia kwa mlango mdogo. Mwanzoni alining'ang'ania bega mpaka likapata alama. Kufikia Agosti alikuwa akitembea peke yake na kunikaripia eti namchelewesha.

Tarehe mosi Septemba tukakuta kufuli, kubwa kama kopo la njegere. Kando yake alisimama Dechko, mlinzi, ambaye namfahamu tangu akivaa nepi.

"Dechko, hicho nini?"

"Kufuli, Mama Tsonka."

"Naona ni kufuli, sijawa kipofu. Fungua."

"Siwezi, mama. Mkuu wa Chuo kaagiza. Wenye kitambulisho cha chuo tu."

"Na mzee wangu atembee wapi?"

"Labda... nyumbani?"

"Nyumbani kuna hatua tisa, kitandani mpaka jikoni. Nimfunge kamba azunguke meza?"

Dechko akatazama viatu vyake. Niliandika barua tatu, nikajibiwa mara tatu kwamba suala langu linashughulikiwa. Wiki ya tatu Ginyo alianza tena kunishika bega. Wiki ya nne alikataa kutoka kitandani, akasema mvua inanyesha, na nje jua lilikuwa linawaka. Nikaingia jikoni nikalia. Kisha nikakasirika, na hasira ilinifaa zaidi kuliko kilio.

Nikaenda kwa Zlatina, shoga yangu, ambaye ana duka la kuchapisha matangazo ya vifo. Kwetu mtu hajafa sawasawa mpaka karatasi yake ibandikwe kwenye nguzo.

"Nani kafa?" akauliza Zlatina, kalamu mkononi.

"Akademik."

Alinitazama, akaanza kucheka, akacheka mpaka miwani ikadondoka. "Na picha?"

Picha ya uwanja niliyokuwa nayo ilipigwa siku ya ukungu. Ilitoka kwenye mashine ikiwa kijivu tupu, kwa hiyo tukaweka msalaba na maneno haya:

"Kwa huzuni kubwa tunatangaza kwamba tarehe mosi Septemba ametutoka ghafla, akiwa na umri wa miaka sitini na mmoja, mpendwa wetu AKADEMIK. Hakuwahi kumfukuza mtu. Tutamuaga Jumamosi saa tano asubuhi, mlango mdogo wa uwanja. Wafiwa: mtaa mzima."

Tukabandika karatasi arobaini, na moja tukaiweka kwenye mlango wa ofisi ya Mkuu wa Chuo.

Mtaani hakuna aliyechanganyikiwa. Ila jambo moja sikulifikiria: akademik pia ni cheo cha wasomi, cha juu kupita profesa, wale wakipiga chafya gazeti linaandika. Na Mkuu wetu, Profesa Haralampiev, alikuwa ametoka Sofia, mji wetu mkuu, majira ya kuchipua tu, wala hakuwahi kutazama mechi hata moja; hata kufuli aliliagiza kwa karatasi iliyosema "uwanja wa chuo" basi. Alisoma tangazo akashtuka: msomi mkubwa amefia kwenye mji wake, naye hajaambiwa!

Jumamosi watu walikuja kwa wingi kuliko mechi yoyote. Walileta maua kwa idadi shufwa, kama ipasavyo kwa marehemu, na ngano ya kuchemsha yenye sukari, na rakia bila shaka, ile pombe yetu kali ya matunda. Zlatina alivaa nguo nyeusi toka juu mpaka chini. Ginyo nilimtoa kitandani kwa nguvu, nikamwambia kuna msiba, hakuna kuleta uvivu.

Mara likaja gari jeusi. Akashuka Mkuu wa Chuo na shada la maua kubwa kama gurudumu la trekta, akanishika mikono yote miwili.

"Pole sana, mama. Wewe ndiye mjane?"

"Mimi jirani tu, Profesa. Ila tulikuwa naye kila siku."

"Nilimfahamu vizuri," akasema, na macho yakamlengalenga. "Tulikutana Sofia, mkutanoni. Mtu mnyenyekevu mno!"

Zlatina akakohoa ndani ya leso. Profesa akapanda kwenye ngazi ya mlango akatoa hotuba. Akasema marehemu hakujifungia kamwe. Akasema mlango wake ulikuwa wazi kwa msomi na kwa mtu wa kawaida, na kwamba ole wake chuo kinachowasahau watu kama yeye. Watu waliinamisha vichwa, mabega yakitikisika kwa kicheko. Yeye akadhani ni kilio, akazidi kunogewa. Mwishowe akamwinamia Dechko.

"Na mwili uko wapi?"

Dechko hajui kusema uongo, hilo namsifu. "Huu hapa nyuma yako, Mheshimiwa. Uliagiza ufungwe."

Profesa akageuka. Juu ya mlango, kwa herufi za chuma zenye kutu, pameandikwa AKADEMIK. Alisoma polepole kama mtoto wa darasa la kwanza, akawa mwekundu mpaka masikioni. Hakuna aliyecheka tena. Mimi niliogopa kweli, nikawaza Dechko atafukuzwa kazi kwa ajili yangu.

"Fungua," akasema Profesa hatimaye. "Niweke shada."

Kufuli lilipotoka tu, Ginyo akaniacha, akaingia, akashika njia yake. Na kwa kuwa kwenye mazishi watu humfuata aliyetangulia, mtaa mzima ukamfuata wawili wawili, kofia mkononi, mimi na Profesa mbele.

"Umenifanyia kitu kibaya, mama," akanong'ona.

"Na wewe pia, Profesa."

"Yule mbele ni nani?"

"Mume wangu. Kaambiwa atembee, la sivyo mguu utamsinyaa. Hapa ndipo tambarare pekee."

Akawa anamtazama Ginyo anavyoburuta mguu, mpaka tukapita goli la pili. Tulipofika tena mlangoni, Dechko alikuwa anasubiri na kufuli lake. Profesa akatua shada, akapangusa jasho.

"Haya, ndugu zangu. Tumemaliza."

"Nani kamaliza?" Ginyo akauliza bila kugeuka. "Daktari kasema mizunguko minne."

Na akaendelea. Profesa akamtazama mgongoni, akalitazama kufuli. Akavua koti lake, akalitupa kwenye mikono ya Dechko.

"Hilo dude la kufuli kalitupe," akasema, akaanza kukimbia kidogo ili amfikie mzee wangu.