Kikohozi cha Fundi Saa

Nyumbani walimwita Chiriku kwa mzaha, maana alikuwa mtoto asiyesema. Bibi yake ndiye aliyempachika jina hilo, siku waliyokaa kutwa nzima wakikunja nguo na mtoto asitoe hata neno moja. "Chukueni chiriku wenu," bibi aliwaambia jioni, "kanipigia kelele mpaka masikio yananiuma." Watu wakacheka, na jina likaganda.

Lakini asiyesema huona mengi, na Chiriku alimtazama zaidi baba yake. Baba alikuwa fundi saa, mtu makini kupita kiasi, mwenye ugonjwa mmoja: hakuweza kuona kitu kinafanya kazi vizuri akakiacha hivyo hivyo. Akikaribishwa kwa watu, kabla hajakaa alikipindua kiti miguu juu akague misumari. Bisibisi ilikaa kwenye mfuko wa shati kama kalamu ya mwalimu. Na kabla ya kutoa hukumu alikohoa mara mbili, "Ehe-ehem," kisha akatamka: "Hiki kina kasoro ndogo." Akishakishika yeye, kilikuwa na kasoro kubwa.

Chiriku alipomaliza shule alipata kazi ya kupiga chapa taarifa ya habari katika kituo cha televisheni. Alikaa pale mwaka mzima bila mtu kumjua, mpaka siku alipoongeza herufi moja. Palipotakiwa "amezindua" yeye alichapa "amezinduka". Basi saa ya habari ikafika, na msomaji, bwana mwenye sauti nzito kama ya hakimu, akatangazia nchi nzima: "Baada ya miaka mitatu, Waziri wa Maji leo hii amezinduka..." Akanyamaza. Akajaribu kuendelea, jicho likaangukia neno "kisima", na hapo ndipo alipokwisha. Aliuma midomo, mabega yakatikisika, machozi yakamtoka, ikabidi waonyeshe picha ya maua.

Asubuhi Chiriku aliitwa kwa mkurugenzi. Alitia kikombe chake na sweta lake kwenye mkoba kabisa, maana alijua harudi tena mezani. Ofisini alimkuta pia mzee mmoja mwembamba aliyekuwa mtayarishaji wa vipindi vya vichekesho. Kituo kizima kilimwita Mzee Mkasi.

"Binti," mkurugenzi alisema, "ulikusudia?"

"Hapana, bosi. Kidole kiliteleza."

"Kuteleza si kuanguka," Mzee Mkasi alidakia. "Kama kwako hafai, nipe mimi. Waandishi wangu wawili wamejikamua mwezi mzima hawajamliza mtu kwa kicheko."

Hivyo ndivyo Chiriku alivyopanda ghorofa ya pili, kwenye chumba cha meza moja, viti vinne visivyofanana, na dirisha lililozuiwa na kamusi lisijifunge. Wale waandishi wawili walipigiana vichekesho kwa makelele kama wanadi samaki. Yeye hakuweza kushindana nao kwa koo, kwa hiyo aliandika vyake kwenye vipande vya karatasi na kuvisukuma mezani. Mmoja akivisoma, mwenzake humnyang'anya.

Mchezo wake wa kwanza ulikuwa kurasa kumi na moja. Mzee Mkasi aliusoma wote bila kutikisa hata sharubu. Kisha akatoa mkasi, mkasi kweli, akakata, akakata tena, akamrudishia kipande chenye upana wa vidole vitatu.

"Kichekesho kimelala hapa," alisema. "Hayo mengine yote ni blanketi."

Chiriku alikwenda kulia kwenye ngazi. Alipofuta machozi akakisoma kile kipande, akajikuta anacheka peke yake. Akarudi mezani kuandika mwingine.

Alipitisha miaka sita kwenye chumba kile, akipunguza mablanketi, ndipo Mzee Mkasi alipomwambia sasa alete kipindi chake mwenyewe. Hakwenda mbali kukitafuta. Alimleta mzee mmoja mwenye bisibisi mfukoni, anayekarabati vitu ambavyo hakuna aliyemwomba avikarabati. Katika kipindi cha kwanza mzee huyo alitengeneza kengele ya mlango wa jirani mpaka ikawa inalia kila mtu akifungua bomba la maji. Wakamwita Mzee Bisibisi. Mwigizaji wake alikuwa bwana mnene, mpole, kipenzi cha watu. Jambo moja tu lilimshinda: kile kikohozi. Alidai kinamkwaruza koo, na Chiriku akakubali kiondolewe.

Alhamisi ya kwanza kipindi kiliporushwa, alikwenda kukitazama kwa wazazi wake. Mzee Bisibisi akaingia kwa jirani, akakipindua kiti. Mama akauma kiganja asicheke. Baba alitazama mpaka mwisho, kisha akakohoa.

"Ehe-ehem. Huyu mtu namjua."

Chiriku akashusha macho.

"Huyu ni kaka yangu mtupu!" baba alisema. "Yaani umemnasa! Yule haoni kitu akakiacha salama. Simu yangu ya mezani iliuawa na nani?"

"Na wewe," mama alijibu.

"Mimi nilikuja kurekebisha alipokwisha haribu yeye."

"Kweli nyani haoni..." mama alianza, akaimeza iliyobaki.

Dakika tano baadaye baba mkubwa, huyo kaka mwenyewe, alipiga simu. Alikuwa amecheka mpaka sauti imemkauka. "Mwanangu, umemweza baba yako! Amejijua?"

"Bado, baba mkubwa."

"Basi mwache. Atakayemwambia atanijua mimi ni nani."

Ukoo mzima ukaweka nadhiri. Kipindi kilikwenda miaka minane, na kwa miaka minane baba alicheka kila Alhamisi akimhurumia kaka yake.

Kipindi kilipofikia tamati, Chiriku alitaka kutengeneza filamu, na safari hii aiongoze mwenyewe. Ilimchukua miaka mitatu. Kuandika kulikuwa rahisi. Kilichomtoa jasho ni kuamrisha watu thelathini kwa sauti isiyovuka meza, mpaka mpiga picha alipompa kipaza sauti cha mkono. Filamu ilimhusu Mzee Bisibisi aliyestaafu, akaamua kuitengeneza saa kubwa ya mji iliyosimama miaka kumi. Tangu siku ilipoanza kutembea, mji mzima ukawa unachelewa.

Onyesho la kwanza lilikuwa Jumamosi mchana, na ukumbi ulijaa hadi ngazini. Familia ilikaa safu ya tatu. Vicheko vilianza mapema, na Chiriku, aliyesimama nyuma karibu na mlango, akaanza kupumua. Ndipo, filamu ikiwa haijafika nusu, sauti ikakatika. Midomo ya waigizaji ilicheza, lakini ukumbini palikuwa kimya. Watu wakapiga miluzi. Fundi mitambo alitoka mbio, akarudi amelowa jasho. "Picha ipo, sauti imekufa," alimnong'oneza. "Tuwarudishe watu makwao?"

Kwenye safu ya tatu baba alikuwa amekwisha simama, bisibisi mkononi. "Nionyesheni hizo spika!" Mama akamvuta koti akaketi.

Chiriku mwenyewe hakujua baadaye ni nini kilichomsukuma. Alishuka ngazi za ukumbi, akasimama chini ya pazia la picha, akaanza kusema. Kila neno la filamu ile alikuwa ameliandika na kulikata yeye. Lilikuwa kichwani mwake kama sala. Kwanza sauti haikuvuka safu ya mbele, kisha ikapanda. Akasema maneno ya mke, kisha ya diwani, watu wakatulia. Halafu picha ikamleta Mzee Bisibisi, na Chiriku akafungua kinywa.

"Ehe-ehem," alisema. "Hii ina kasoro ndogo."

Haikuwa sauti ya yule mwigizaji. Ilikuwa sauti ya baba yake, na kikohozi chake, na namna yake ya kuvuta pua. Ukumbi uliangua kicheko. Baba mkubwa aligeuka kumtazama ndugu yake. Shangazi akageuka. Safu nzima ikageuka. Baba alikaa wima kama mti wa simu, mkono umeshika mfuko wa shati.

Chiriku aliliona hilo, lakini picha haikumngoja. Ilikuja ile sehemu ambayo mke wa Mzee Bisibisi ni mgonjwa, na mzee anakaa kando ya kitanda akifungua saa ya ukutani. Chiriku aliisema polepole: "Ehe-ehem. Nayo ina kasoro. Inapiga kelele, na mtu amelala." Jambo hilo lilikuwa limetokea kwao, mwaka mama alipougua, na saa ile haikupiga tena mpaka alipopona. Hakuna aliyecheka. Mama aliutafuta mkono wa baba akaushika, naye hakuutoa.

Watu walipiga makofi mpaka Chiriku akakosa pa kutazama. Nje, kwenye varanda, baba alimngoja.

"Kipindi chote, miaka minane?" aliuliza.

"Minane, baba."

"Na kaka yangu alijua?"

"Alijua."

"Na mama yako?"

Mama ghafla alikuwa na shughuli ya kusoma tangazo ukutani.

"Haya," baba alisema, akaondoka zake.

Siku tatu hakupokea simu. Ya nne akapiga mwenyewe. "Ile filamu yako ina kasoro," alisema. "Hakuna fundi duniani anayeshika bisibisi kama kijiko. Yule bwana mnene anatuaibisha."

"Basi njoo umfundishe, baba."

Akaja. Ilibidi sauti irekodiwe upya sehemu kadhaa ili kikohozi kiingie, na kwa wiki nzima fundi saa na mwigizaji walikaa studio wakikoholeana mpaka mwigizaji akakipata. Filamu ilionyeshwa wiki kumi na moja mfululizo. Mzee Mkasi, aliyekuwa amestaafu, aliitazama mara mbili, akamwandikia barua ya mstari mmoja: "Dakika nne bado ni blanketi." Chiriku alihesabu, akazikuta, akazikata.

Miezi michache baadaye alikuwa kwa wazazi wake akimenya viazi na mama. Baba alikuwa nje akimweleza jirani namna yeye anavyoandikwa kwenye filamu. Mama alimenya kimoja, akamenya cha pili, kisha akakitupa kisu kwenye sinia.

"Nikuulize. Miaka yote hiyo baba yako, baba yako. Mimi nimekaa naye miaka arobaini. Nimeficha bisibisi kwenye unga. Nimejifanya nimelala ili asinitengenezee mto. Mimi sichekeshi?"

Chiriku alifuta mikono kwenye aproni, akatoa daftari.

"Kwenye unga, mama? Unga upi?"

"Andika vizuri basi," mama alisema, akivuta kiti karibu. "Ulikuwa mwaka ule tulipohamia hapa..."