Vigingi vya Bwana Miti

Mosi alikwishaeleza mara tatu, na sasa alianza ya nne.

"Mwambie tena," alimwambia Gabrieli, mtoto wa marehemu dada yake, aliyesomeshwa na mapadri mpaka akawa mkalimani wa Wadachi. "Hili si pori. Ni shamba langu, nimelilaza mwaka wa sita huu lirudishe nguvu. Vuli ikinyesha nalifyeka, wanangu wale. Sina jingine!"

Gabrieli akatafsiri. Yule Mdachi, ambaye Waluguru walimwita Bwana Miti, alikuwa ametumwa kuweka mpaka wa msitu wa serikali. Akautazama mti mmoja hadi kileleni, kofia nusura imdondoke, akasema neno.

"Mama mdogo, anasema mti huu unamzidi urefu. Kwa hiyo hapa ni msitu, mkono wa mtu haujapagusa."

"Haujapagusa! Na haya matuta anayoyakanyaga yamelimwa na nyani?"

Hilo Gabrieli hakulitafsiri. Askari wa Bwana Miti akapigilia kigingi cha mpaka. Tangu siku ile, ambaye angevuka na jembe angekula viboko ishirini na tano.

Wakateremka hadi kwenye kichaka cha makaburi ya ukoo. Hapo hapalimwi wala hapakatwi kijiti. Wanawake hufagia tu na kupanga vyungu vya tambiko. Bwana Miti alipoona palivyofagiwa, uso ukamchangamka, akaandika.

"Anasema hapa ndipo penye kazi ya mtu," Gabrieli akanong'ona. "Hapa ni shamba. Amekupa ulime."

"We Gabrieli! Bibi yako amelala hapa!"

"Nimemwambia. Anasema makaburi huwa na misalaba."

Mosi akamkazia macho Bwana Miti. Mtu mzima, ana miwani, na haoni!

Alikwenda kwa jumbe, jumbe akampeleka kwa akida, akida akamwambia asimpotezee wakati. Vuli ikanyesha. Majirani walikwishapanda, na mbegu zake zilikuwa zinaliwa na fukusi darini. Kila jioni wanawe wanne walimtazama mikono.

Asubuhi moja alichukua jembe, akaingia kwenye kichaka cha makaburi. Akavihamisha vyungu kimoja kimoja, huku akimtukana Bwana Miti kwa Kiluguru na kwa Kiswahili, mpaka matusi yakamwishia, akabaki analia.

"Mama," alisema, "sogea kidogo."

Akainua jembe.