Wachezaji Wasio na Ngoma

Mume wangu Jilala alikuwa manju, kiongozi wa ngoma, na kichwa chake kilikuwa kigumu kweli. Sisi Wasukuma tukishauza pamba hushindana hivi: makundi mawili hucheza uwanja mmoja, wakati mmoja, na watazamaji wako huru kuhama. Upande wenye watu wengi ndio umeshinda. Mwaka uliotangulia manju mwenzake aitwaye Kwangu alikuwa amembwaga, na Jilala akatangaza mbele ya kijiji chetu kizima cha ujamaa kwamba akishindwa tena anaacha umanju. Nilimwambia afunge mdomo, lakini nani alinisikiliza.

Siku yenyewe, pale Manyamanyama, gari la sinema likaja. Kwangu, mjanja yule, akamshawishi bwana sinema, Danford, atundike kitambaa chake cheupe cha kuonyeshea picha nyuma ya kundi la huyo Kwangu. Jua lilipotua picha zikaanza, na watu wetu wakamiminika kule. Niliumia sana. Jilala akatupa usinga wake, akaenda huko huko kuking'oa hicho kitambaa, nami nikamfuata mbio.

Hakukigusa. Tulizoea kuonyeshwa namna ya kupiga dawa pamba, lakini hawa walikuwa wanawake wenye mataji marefu. Danford alieleza kwamba ni wachezaji wa ikulu ya mfalme wa Kambodia, nchi ya mbali, na walipigwa picha zamani, kabla sinema hazijaanza kutoa sauti. Vidole vyao vilipinda kwenda nyuma. Mguu mmoja uliinuliwa, ukakaa hewani, ukashuka taratibu, bila mlio wowote. Wapigaji wa Kwangu wenyewe walikuwa wameacha kupiga, midomo wazi.

Jilala akaagiza ngoma zake zote zivushwe. Akakaa mbele ya kitambaa, akaitazama ile miguu, akaanza kuipigia polepole, hata ikawa kila mguu ukitua, ngoma ipo. Danford akairudisha picha mwanzo, watu wakaimba. Sijawahi kufurahi vile uwanjani.

Kisha wazee waamuzi wakageuka kuutazama upande wetu. Hapakuwa na mtu. Ushindi ukawa wa Kwangu.

Njiani nilimwambia Jilala kwamba amejimaliza mwenyewe.

“Mama Hana,” akasema, “wale wanachezaga miaka yote hiyo, hakuna wa kuwapigia. Mimi ningekaaje tu na ngoma?”

Nikampokea ngoma, nikaibeba hadi nyumbani, na moyo wangu ulikuwa mweupe.