Wahitimu wa Shule ya Amani

Nchi ya Majabali ilikuwa na utaratibu, na waliofungwa shingo na utaratibu huo hawakuwa na nafasi ya kuulalamikia. Mvua ikinyesha, wanyama wadogo walimshukuru Mfalme Chui. Isiponyesha, waliulizana ni nani kati yao aliyemuudhi. Mtoto wa mnyama yeyote, awe wa pimbi, wa sungura au wa digidigi, akishaachishwa ziwa alipelekwa Shule ya Amani, akakaa huko mpaka ahitimu. Wahitimu wote waliajiriwa Ikulu. Kazi za Ikulu zilikuwa za siri, kwa hiyo hakuna aliyewahi kurudi nyumbani, na mzazi alipewa utepe wa ukindu autundike mlangoni ili majirani wajue kwamba ameitumikia nchi.

Pimbi alikuwa na utepe mmoja. Ulikuwa wa Makame, mwanawe wa kwanza. Alipokuwa shuleni, Makame aliruhusiwa kuja nyumbani mara moja tu, na siku hiyohiyo kicheche akapita karibu na mlango wao. Ukoo mzima wa pimbi ulijitupa kwenye nyufa za mwamba. Makame aliketi palepale uwanjani, akaanza kupiga makofi. Mama yake alimvuta kwa ngozi ya shingo, na alipomuuliza ana nini, kijana alimjibu kwa upole kwamba anayekimbia ni mchochezi, ndivyo walivyofundishwa. Siku ya pili Pimbi alimrudisha shuleni, kwa sababu kila mtu alimrudisha wa kwake. Baada ya miezi miwili aliletewa utepe.

Kidawa, bintiye, alipofikia umri, Pimbi hakumpeleka. Alisema mtoto ana homa. Kisha alisema homa imerudi. Baadaye aliacha kusema chochote, akaanza kumfundisha mwenyewe.

Hakuwa na kitabu wala kengele. Walianza somo pale walipoota jua, juu ya mwamba, na likaendelea wakichuma majani. Alimwonyesha nyayo kwenye mchanga wenye maji: hizi zenye alama za kucha ni za fisi, na hizi laini, zisizo na kucha, ni za yule ambaye kucha zake huzioni mpaka azihitaji. Alimfundisha harufu, moja baada ya nyingine, hata ya kaka yake, kwa majani makavu aliyokuwa akilalia. Alimfundisha kuuliza. Kidawa alikuwa na kigugumizi, na shuleni watoto wa namna hiyo walifungwa mdomo kwa kamba ya mgomba mpaka wajifunze kunyamaza vizuri. Mama yake alimngoja. Neno likikwama, Pimbi aliendelea kuchuma majani kana kwamba ana siku nzima, na neno lilitoka. Somo la mwisho lilikuwa yowe, ule mlio wa hatari ambao pimbi walikuwa nao tangu kale na ambao sheria ilikuwa imeupiga marufuku. Walijifunzia ndani kabisa ya pango. Katika yowe, Kidawa hakukwama hata mara moja.

Jirani yao Sungura hakupendezwa. Alikuwa na mwana, Kombo, mwenye masikio marefu kuliko umri wake, aliyekuja kila siku kucheza na Kidawa na kusikiliza masomo kwa wizi. Pimbi alimwomba Sungura amwachie Kombo amfundishe naye.

"Shoga, mimi nakupenda," alisema Sungura. "Lakini mwanangu hatakaa jikoni kwa mama kama yai. Nataka siku moja nimwone ni mtu mbele za watu."

Wiki ileile Kombo alipelekwa shuleni. Haukupita muda, Ngiri, mkuu wa askari, akaja kwa Pimbi kumchukua yeye na bintiye. Aliyewachongea hakujulikana, na Pimbi hakutaka kumjua.

Baraza lilikuwa limekaa. Mfalme Chui alijilaza juu ya zulia la manyoya, mpole, macho yakiwa nusu wazi. Kushoto kwake alikuwa Kasuku, Waziri wa Elimu, na kulia Kobe, Jaji Mkuu. Kasuku alisoma mashtaka kwa sauti tamu: kwamba mama huyu, bila kibali, amekuwa akimfundisha mtoto hofu, jambo lililo kinyume cha amani.

"Simfundishi hofu," alisema Pimbi. "Namfundisha kutambua."

"Kutambua nini?"

"Kilicho mbele yake."

Kobe alitoa kichwa taratibu akauliza mshtakiwa ana cheti gani cha ualimu. Pimbi alisema amemzaa. Kobe aliwaelezea wajumbe kwamba kuzaa, kwa mujibu wa sheria, si cheti, kisha akarudisha kichwa ndani.

Mfalme alipendekeza mtoto atahiniwe. Kasuku alimsogelea Kidawa na kumuuliza swali ambalo kila mtoto wa darasa la kwanza alilijua: harufu ya Mfalme ni harufu ya nini? Jibu lilikuwa amani. Kidawa alifungua mdomo, neno likakwama. Wajumbe walicheka, na Ngiri akatafuta kamba. Mfalme aliinua mkono.

"Mwacheni amalize."

Kidawa alimtazama mama yake. Pimbi alingoja, kama alivyongoja siku zote.

"Ha... harufu ya Mfalme siijui vizuri," alisema mtoto. "Lakini zulia linanuka ka... kaka."

Wajumbe wote waligundua kwamba dari ilikuwa na jambo la kutazamwa. Pimbi hakutazama dari. Alilitazama zulia, akaona upande mmoja, karibu na mkia wa Mfalme, kipande cha rangi ya kahawia chenye doa la njano katikati, doa lile ambalo kila pimbi huzaliwa nalo mgongoni. Hakulia. Alimvuta binti yake akamficha uso kifuani, lakini mtoto alikuwa ameshajua, na yeye ndiye aliyemfundisha kujua.

Chui hakukasirika. Alimgeukia Kasuku akamwambia kwamba kwa miaka yote hiyo ya bajeti na hotuba hajamletea mtoto mmoja mwenye akili ya huyu, na kwamba mwalimu kama Pimbi ni hazina ya taifa. Kisha akatoa uamuzi wake, uso wake umejaa huruma. Kidawa angebaki nyumbani, akisoma anavyotaka, na hakuna atakayemgusa. Amri hiyo Mfalme angeiandika kwa mkono wake. Pimbi angeanza kazi Shule ya Amani siku ya pili, afundishe kilichoandikwa, neno kwa neno.

"Nikikataa?"

"Zulia bado ni dogo, mama."

Pimbi alikubali. Kwa muda mrefu baadaye alijaribu kukumbuka kama alifikiri kabla ya kukubali, na kila mara alikuta kwamba hakufikiri.

Alikusudia kufundisha vibaya. Lakini mkono umeshazoea kazi yake, na watoto wa watu walipomtazama hakuweza kuwafanya wajinga wa kile walichokuja kukijua. Alizifungua kamba midomoni. Alimngoja kila aliyekwama. Mtoto aliyekuwa akitetemeka harufu ya Chui ilipopita dirishani, Pimbi alimketisha karibu naye, akamsemesha taratibu mpaka mtetemeko ukaisha. Walimpenda. Ndani ya mwaka mmoja hapakuwa na mtoto Shule ya Amani aliyeshtuka kwa lolote. Kasuku, aliyekuja kukagua, alikiri kwamba fimbo haikuwahi kufika hapo.

Kombo alikuwa wa kwanza darasani.

Mfalme alifurahi hata akavunja mila. Mwaka ule mahafali hayakufanyika nyuma ya lango la Ikulu bali uwanjani, mchana, wazazi wakiwa wamealikwa kukaa kwenye majabali waone matunda ya elimu. Wahitimu thelathini na mmoja waliketi safu kwa safu, wametulia kama mawe. Sungura alikaa mbele, amejipaka udongo mwekundu masikioni. Kidawa alikuwa juu kabisa, peke yake. Chui, ambaye hakuwa amekula kwa siku tatu ili ajitayarishe, alimwomba mwalimu atoe neno la kuwaaga.

Pimbi alisimama. Aliwatazama, akamwona Kombo akinyoosha masikio yake ili apendeze. Alikuwa ameandikiwa hotuba na Kasuku. Badala yake alipiga yowe.

Lilitoka kubwa kuliko alivyotarajia. Juu ya majabali Kidawa alilipokea papo hapo, akalirusha mbele, akatoweka ndani ya ufa wa mwamba. Wazazi, ambao hawakuwa wamelisikia tangu bibi zao wazikwe, walijikuta wameshakimbia kabla hawajajua kwa nini.

Na watoto thelathini na mmoja walifanya walichofundishwa mtu akipiga kelele. Walitulia zaidi, wakampigia mwalimu wao makofi.

Pimbi aliwakimbilia, akawasukuma, akawauma. Walimtabasamia. Chui, mwenye njaa na mwenye hasira, alisahau kwamba leo kulikuwa na wageni. Alimpita Pimbi, akaanza safu ya mbele. Makofi yalikuwa ya mpangilio mzuri, na yalipungua sauti moja moja, na wazazi walioangalia nyuma waliona yote, mpaka mwisho.

Jioni hiyo akina mama hawakungoja tangazo. Walivunja milango ya madarasa wakawachukua wadogo waliobaki. Muhula mpya ulifunguliwa kwa kengele na wimbo, na hakuna aliyekuja. Chui alimla kwanza Kasuku, akalalamika kwamba ni manyoya matupu. Ngiri alihama usiku asihojiwe. Kobe alisema yuko likizoni. Mfalme alikonda mpaka mbavu zikahesabika, akaondoka siku moja kuelekea nchi jirani, ambako, inasemekana, amepokewa vizuri na ameomba kiwanja cha kujenga shule.

Katika Majabali watoto sasa wanasomea nyumbani, kwa mama zao, baba zao na shangazi zao, na akitokea mtoto mwenye swali gumu anapelekwa kwa Kidawa, ambaye hungoja. Kwa Pimbi hapelekwi mtu. Hakuna aliyemkaripia wala kumpiga. Wanampa salamu, wanapita.

Sungura peke yake ndiye aliyewahi kuingia kwake. Alikaa mlangoni, udongo mwekundu ungali masikioni kwa kuwa hakuwa ameoga tangu siku ile.

"Mwanangu ulimfundisha wewe," alisema.

"Mimi."

"Alikuwa anaelewa?"

Pimbi angeweza kusema uongo, na Sungura angemshukuru. Lakini alikuwa amekwisha sema uongo mwaka mzima.

"Alikuwa anaelewa kuliko wote," alisema.

Sungura aliitikia kwa kichwa polepole, kama mzazi anayepokea ripoti. Kisha akainuka, akajipangusa vumbi, akaenda zake.