Kombe la Asubuhi Ile

Mwinyihaji alichukuliwa kubeba mizigo ya vita upande wa Taveta, na kilichorudi ni habari. Homa ilimmaliza huko Mata. Mkewe Mwanaesha akakaa eda nyumbani kwa mama mkwe wake, Bi Mwanamina, nyuma ya maduka ya Voi, na kila alipofumba macho aliiona asubuhi mumewe alipoondoka. Hakula, hakulala. Mwishowe akautoa wino wa babu yake.

Babu, mzee Sheikhan, alikuwa mwalimu wa chuo cha Kurani aliyefika Voi pamoja na reli. Wino aliupika kwa zafarani, kwa gundi ya migunga ya Ndara, na kwa kitu cha tatu ambacho hakumwambia mtu. Ukiandika kwa wino huo jambo lililokupata, jambo lenyewe linakutoka kichwani na kulala katika maandishi. Siku ukiyaosha maandishi kwa marashi ukanywa, linaamka lote, na harufu yake, na baridi yake. Mara moja tu.

Mwanaesha aliiandika asubuhi ile kwenye sahani nyeupe, kwa mwandiko mdogo, akizunguka kutoka ukingoni hadi katikati. Alipofika katikati machozi yalikatika, na wino nao ukaisha. Alijua alikuwa na mume, alijua amekufa. Asubuhi ile tu ndiyo hakuwa nayo tena. Palibaki weupe, kama sakafuni palipoondolewa mkeka. Akaifunika sahani kwa leso, akajiambia ataiamsha siku ya kutoka eda, akiwa na nguvu za kuibeba.

Siku ikafika. Kaka yake Badawy alikuwa stesheni na masanduku, akingoja gari la moshi la kushuka Mombasa, amrudishe kwao. Mwanaesha akaiweka sahani mezani, na chupa ya marashi kando yake, akaenda kuoga kwanza. Hakutaka kuonana na mumewe akiwa na nguo za eda.

Aliporudi, sahani ilikuwa nyeupe tupu.

Tryphena, jirani Mkristo wa Kidawida aliyetoka Mwanda milimani, ambaye siku hizo alimuuguza Bi Mwanamina, alikuwa mlangoni akimenya ndizi. Mwanaesha akamuuliza ni nani aliyeiosha. Tryphena akaeleza bila haraka kwamba bibi ameamka na homa, ameiona ile zafarani na marashi, akasema mkwe wake amemwandikia kombe, aya za kuoshwa na kunywewa apone, Mungu amjalie.

"Nikamwambia sisi kwetu tunaombewa tu, hatunywi sala," alisema Tryphena. "Akaniambia nyamaza, lete kikombe. Nikaleta kikombe."

Na nani katika nyumba kama ile angefikiri vingine? Mwanaesha mwenyewe alinyweshwa makombe tangu utoto, kila alipougua. Lakini hasira zilimpanda. Akaingia chumbani akiwa na sahani mkononi.

Chumba kilinukia marashi, na chini ya marashi, umande juu ya vumbi. Nje jua lilikuwa la utosini, lakini mle ndani mwanga ulikuwa hafifu na wa buluu, kama kabla ya kucha. Bi Mwanamina alikuwa ameketi kitandani, ushungi umemwanguka mabegani.

"Alikuja mlangoni pangu, Esha," alisema. "Nilikuwa nimempa mgongo, nimenuna, kwa kuwa nilimkataza asiende. Miezi yote hii nadhani aliondoka bila kunitazama. Kumbe alisimama pale. Nimemwona kwa macho yako. Ulitaka kuniamsha, akakushika mkono. Akasema, 'Mwache Mama, hajalala huyo. Akigeuka nitashindwa kwenda.'"

Mwanaesha akaiweka sahani chini. Kutoka stesheni gari la moshi likapiga firimbi, mbali, kama ndotoni.

"Na mimi," akauliza, "aliniambia nini?"

Bi Mwanamina akaziba mdomo kwa ushungi. Alikuwa anacheka, machozi yakimshuka. "Mengine si ya mama kusikia."

"Niambie, Mama."

Bi Mwanamina akauchukua mkono wa Mwanaesha, akaugeuza kiganja juu, akaunusa polepole, macho ameyafumba. Tangu Mwanaesha aolewe, mama mkwe hakuwahi kumgusa hivyo.

"Akasema unanukia tangawizi. Akasema atakwenda nayo hiyo mpaka Taveta."

Mwanaesha naye akakinusa kiganja chake. Kilinukia sabuni tu. Uso wa mumewe haukumjia, wala mlango, wala umande. Lakini ile "nayo hiyo" ilivutwa mwishoni, kivivu, vile alivyoivuta Mwinyihaji peke yake.

Alitoka akamwomba Tryphena akimbie stesheni, amwambie Badawy apande peke yake, masanduku yarudi. Na njiani anunue tangawizi. Kisha akarudi, akaketi ukingoni mwa kitanda.

"Anza tena, Mama," akasema. "Anza alipoamka."