Mgeni wa Mlangoni mwa Friji

Nakutega wewe unayesikiliza, wala usikimbilie kujibu: nina mgeni nyumbani, jua likimpiga hufa, barafu ikimshika hufa, na akifa uso wake haubadiliki. Nani huyo?

Bibi muuza barafu hakumjua, ingawa friji yao ni moja. Mjukuu wake Kidoti ana kisukari tangu darasa la pili, na vichupa vyake vya insulini hukaa mlangoni mwa friji. Vitatu vya mwisho vilipitwa na tarehe, na duka la dawa likasema vipya ni Jumatatu.

Samaki akiganda haozi, Bibi akawaza. Akavizika vyote ndani ya barafu, asubuhi akaviyeyusha na kuvirudisha mlangoni, hakumwambia mtu. Dawa ilikuwa angavu kama jana.

Siku ya tatu Kidoti alimaliza jagi zima la maji na kiu ikabaki palepale. Pumzi yake ilinuka matunda yaliyoiva mno.

Sasa amelazwa hospitali, dripu mkononi.

"Bibi," akanong'ona, "nimekuwa bomba. Yanaingia huku, yanatoka kule."

Bibi akamvutia shuka hadi kifuani.

Daktari akainua kichupa kwenye mwanga. "Imepitwa siku tisa. Haifai, lakini siku tisa peke yake sidhani. Ilipigwa jua? Au iliganda?"

"Hata," akajibu mama mtoto, mkwe wa Bibi. "Ilikaa mlangoni mwa friji. Namchoma mwenyewe, sijaruka siku."

Daktari akafungua kalamu. "Basi dozi yake ni ndogo. Akitoka hapa na dawa mpya, tutaongeza."

 Kuongeza dozi Bibi alikujua. Mwaka jana Kidoti alichomwa mara mbili kwa watu wazima kusahau kuambiana. Akaanguka jikoni, meno yamekaza, jasho kama kamwagiwa ndoo. Akisema, mkwe hatamwachia tena mtoto huyu. Asiposema, dawa nzima itamkuta mtoto na dozi iliyopimwa kwa dawa iliyokufa.

Kalamu ilikuwa imeshafika kwenye karatasi.

"Daktari, mwanangu, usiandike kwanza." Bibi alishika ukingo wa kitanda, hakumtazama mkwewe. "Uliuliza kama iliganda. Iliganda. Niliigandisha mimi, vichupa vyote vitatu."